Msimu wa Mwisho wa Ligi ya Jumapili

Jumapili, 23 Machi 2025

Tumeshinda! Mountain View mbili, Loresho moja. Na nimeokoa penalti nikiwa nimefunga. Naandika tena maana kesho sitaamini: nimeokoa penalti nikiwa na saumu. Alhamdulillahi.

Aliyeipiga ni Janice, nahodha wa Loresho, ambaye huwa hakosi. Kulia, chini. Sijui kwa nini niliruka kulia. Mwili ulijirukia wenyewe. Nikabaki chini nimeukumbatia mpira, vumbi mdomoni, nisiweze hata kutema — mate yenyewe sina! Ciru akaja mbio akanivuta mkono. "Amka, Cap! Usilale, bado tunacheza!" Ciru ni mshambuliaji wetu. Miaka kumi na tisa, msusi kwenye saluni moja Kangemi. Magoli yote mawili ya leo ni yake.

Mechi ikaisha na hakuna aliyeondoka. Ni hivyo kila Ramadhani. Ligi nzima, timu nne — sisi, Loresho, Kangemi na Lavington — Mwislamu ni mimi peke yangu. Na bado wote hukaa pale pembeni kungoja jua lizame ili mtu mmoja afuturu. Mukai alikuwa na chupa ya uji na tende kwenye kifuko. Mukai ni nahodha wa Lavington, beki, hapitiki. Anafanya kazi ya nyumba kwa familia moja huko Lavington. Karibu timu yake yote ni wanawake wa kazi hiyo, wapishi na mayaya, na Jumapili ndiyo off yao.

"Niliuliza yule wa duka, hawa watu huanza na nini," akaniambia. "Akasema hii. Sasa kula, nimechoka kuangalia hiyo midomo yako."

Nikala. Wakanipigia makofi kama nimefunga goli!

Halafu Mama Wangu akasimama — Wangu ni jina lake, si mama yangu mzazi. Mwalimu mstaafu, anaishi Loresho. Yeye ndiye aliyeanzisha Ligi ya Jumapili, zamani, wakati Ligi ya Muungano — ile kubwa, yenye viwanja vya nyasi na marefa wa sare — ilipowaambia wanawake wa upande huu wa barabara ya Waiyaki Way kwamba nafasi yao hakuna. Akakasirika akaanzisha yake, kwenye uwanja huu wa murram, udongo mwekundu wa changarawe, nyuma ya kanisa. Leo alisema kwa sauti ile ile ya kutangaza ratiba: Muungano sasa wanafungua ligi ya wanawake. Wametuita wote. Kwa hiyo huu ni msimu wetu wa mwisho.

Wengine walishangilia. Mimi pia nilipiga makofi. Yalitoka bila sauti — glavu nilikuwa nimezivaa tena kwa baridi.

Jumanne, 25 Machi

Dukani siku nzima. Biashara Street imejaa watu wa Idi. Leso, vikoi, vitambaa vya kanzu. Nimemkatia mama mmoja kitambaa kifupi, ikabidi nikate upya. Ami Abdulfatah aliona. Alinitazama tu juu ya miwani. Ami ni mdogo wake marehemu baba, na duka ni lake. Alitupokea, mimi na mama, tulipotoka Mombasa baada ya talaka yangu na begi moja moja.

Nawaza Ligi ya Jumapili na siku ile ya kwanza. Miezi hiyo nilikuwa silali, sili, sisemi. Mama alinituma sukumawiki. Nikapita kando ya uwanja, kipa wao amevunjika kidole. Mama mmoja mwenye firimbi shingoni, ndiye Mama Wangu, akaniita kutoka mbali, "Wewe mrefu! Unaweza kudaka?"

Nikasema, "Mimi nimevaa buibui."

"Sijauliza nguo. Nimeuliza kudaka."

Nilifungwa manne. Nilirudi nyumbani bila sukumawiki, buibui limechanika pindo, nacheka peke yangu barabarani. Mama alidhani nimepagawa. Akanikalisha akanisomea Kurani! Baadaye aliniambia aliposikia kile kicheko mlangoni alikuwa ameshasahau sauti yake.

Sijawahi kumwambia Mama Wangu habari hii.

Jumatatu, 31 Machi

Idi. Tumeswali, tumekula, tumelala, tumekula tena. Mama kapika biriani ya watu ishirini na sisi ni watatu, pamoja na Ami. Jioni nimepeleka sahani Lavington. Askari wa geti akamwita Mukai, akatoka na mtoto wa watu mgongoni. "Eid Mubarak, Kapteni!" Amefanya mazoezi ya kulisema, ilionekana. Tukasimama pale getini tukazungumza habari za mipira ya kona. Yeye anasema mimi hutoka golini mapema mno. Anasema kweli.

Jumapili, 6 Aprili

Tumetoka sare na Lavington, bila kwa bila. Mvua kidogo. Baadaye mkutano kwenye ukumbi wa kanisa, timu zote.

Janice alizungumza. Nimwandikie haki yake: si mtu wa maringo. Anafanya kazi benki, ana gari, na gari hilo limebeba wachezaji wa timu zote nne, wenye matope na wasio na matope. Alieleza vizuri. Uwanja wa nyasi. Daktari pembeni. Makocha wa timu kubwa watakuja kutazama. Timu zetu zitaunganishwa. Msimu unaanza Juni. Ciru alikuwa ameketi mbele yangu. Nilimwona mabega yakipanda kwa furaha, kama mtoto anayeahidiwa safari.

Mukai akanyoosha mkono.

"Mechi ni siku gani?"

"Jumamosi," Janice akasema.

Mukai akauliza tena, labda hakusikia vizuri. Jumamosi. Asubuhi au jioni, lakini Jumamosi.

"Jumamosi mimi nakuwa na watoto wa watu," Mukai akasema. Pole pole, bila hasira. Akageuka akaangalia timu yake. Everlyn, kipa wao, akacheka. Kicheko kikaendelea mpaka kikageuka kilio, akafunika uso kwa jezi.

Janice akasema si yeye aliyepanga. Ni kweli si yeye.

Mama Wangu alivua miwani akaishika mkononi. "Niliwauliza mambo yote," akasema. "Marefa, bima, vyoo. Siku sikuuliza. Nilijua tu ni Jumapili, kwa sababu sisi siku zote ni Jumapili." Kisha akavaa miwani akasema ataenda tena kuongea nao. Na msimu huu tutaumaliza. Timu zote, mechi zote, hadi ya mwisho. Asiwepo wa kusema baadaye kwamba ligi ya wanawake ilikufia njiani.

Tukasema sawa. Wote tulisema sawa. Niliwasikia.

Jumatano, 9 Aprili

Janice kaja dukani saa ya lunch, na viatu vyake vya ofisi. Kachagua leso ya mama yake, kaipenda. Nikajua hakufuata leso.

"Nisri, nakutaka golini," akasema. Yeye ndiye atakuwa nahodha wa timu mpya. "Nimecheza na wewe miaka hii yote. Sitaki kipa mwingine."

Nilitamani, siwezi kujidanganya humu. Kipa wa ligi inayotambuliwa! Kadi yenye picha yangu! Nina miaka thelathini na nne. Hakuna atakayekuja tena dukani kuniuliza.

Halafu akasema lingine. Muungano wametoa sheria: kuanzia Mei mosi, mchezaji atakayeonekana kwenye ligi isiyotambuliwa hasajiliwi mwaka huu.

"Hata mechi moja?"

"Hata moja."

"Janice. Tulimwambia Mama Wangu sawa."

"Najua tulichosema. Lakini mimi niko na wasichana wa miaka kumi na saba kwa timu. Nitawaambia nini?"

Nikamwambia Jumamosi ndiyo siku kubwa ya duka, Ami hawezi peke yake, magoti yanamsumbua. Nilisema haraka. Nilisikia mwenyewe vile nilivyosema haraka. Akanishika mkono akaondoka na leso yake.

Nyuma ya majora ya vitambaa, Ami alikohoa.

Ijumaa, 11 Aprili

Ami karudi kutoka msikitini, kavua viatu, kakaa kwenye kiti changu cha kaunta. Kiti changu!

"Jumamosi nitakaa mimi," akasema.

"Ami, magoti yako—"

"Magoti yangu, na kiti hiki hapa. Nitashindwa nini?" Akaweka miwani sawa. "Na jambo jingine, Nisreen. Sijapata kuja kukuona ukicheza. Si kwamba sikupenda. Hukunialika."

Miaka yote hii nilidhani anaona haya. Nikaingia nyuma ya mashuka nikalia. Alijua. Akaongeza sauti ya redio ili wateja wasinisikie. Mola amlipe, mimi sina cha kumlipa.

Na sasa duka si kisingizio tena.

Jumatatu, 21 Aprili

Jana Pasaka, hakuna mechi. Leo Mama Wangu kapiga simu. Muungano wamemwambia suala la Jumapili watalifikiria. Nikauliza lini. "Wamesema watalifikiria, Nisreen," akarudia. Sauti yake ilikuwa imechoka. Loresho wamemwandikia wamejitoa. Hakuwalaumu. Alisema wale wasichana alianza kuwafundisha wakiwa hawajui kufunga kamba za viatu, na sasa watacheza kwenye nyasi. "Nimefurahi na nimeumia," akasema. "Kwa umri wangu nilidhani mtu huchagua kimoja."

Alhamisi, 1 Mei

Sikukuu ya wafanyakazi. Ciru kaja nyumbani asubuhi bila kupiga simu. Mama akampa chai na mahamri, akamsifia nywele. Ciru alikula mawili, kisha akaanza kulia akiwa na la tatu mkononi.

Wamemchagua. Timu ya Janice, namba tisa. Mamake, ambaye kila siku anauliza mpira utampeleka wapi, amewaambia majirani wote.

"Lakini bado tuko na mechi, Cap. Kangemi, halafu Lavington. Nikicheza wananitoa."

"Basi usicheze."

"Utaniona aje?"

"Nitakuona kwa televisheni siku moja, inshallah, na nitamwambia kila mteja huyu nilikuwa nikimpigia mipira mirefu."

Nilimwambia kama nahodha, si kama rafiki, ili asibishane: hairuhusiwi kuja na viatu vya mpira. Abaki kwao. Akaitikia. Akanikumbatia kwa nguvu, nguo yangu ikabaki na makombo.

Mama alikuwa kasimama mlango wa jikoni. Ciru alipoondoka, mama akaniuliza, "Na wewe, mwanangu, nani atakwambia ubaki kwenu?"

Jumapili, 4 Mei

Kangemi hawakuja.

Tulivaa, tukapasha misuli. Mwaura, refa wetu, alitembea hadi katikati na mpira kwapani, akatazama saa, akatazama barabara. Mwaura ni mhasibu na huyu mtu hajawahi kukosa Jumapili hata moja. Alingoja kuliko sheria inavyosema. Kisha akapuliza firimbi, uwanja nusu mtupu, akatutangazia ushindi.

Naandika ukweli hapa maana hakuna wa kuusoma: nilikuja na glavu kwenye begi, nikazivaa, na bado sikujua kama ningecheza. Kangemi waliniepusha na kuamua.

Hakuna aliyetaka kurudi nyumbani. Lavington walikuwa wamekuja kutazama, wakasema tucheze tu, mchanganyiko, bila refa. Mwaura akasema kama hana kazi na yeye atacheza. Ana mguu mbaya ajabu! Tulicheka mpaka Mukai akakaa chini. Sikumbuki nani alishinda.

Kwa hiyo zimebaki timu mbili, sisi na wao, pointi sawasawa. Mechi moja. Mama Wangu kaiweka tarehe kumi na nane.

Jumamosi, 10 Mei

Usiku wa jana sikulala vizuri. Asubuhi nikamwona mama anakunja nguo, nikamwambia yote. Kadi, sheria, Janice, Juni.

Hakutoa ushauri. Aliendelea kukunja. Kisha akasema, "Ulipokuja na lile buibui lililochanika, unakumbuka nililifanya nini?"

"Ulilishona."

"Nilitaka kulitupa. Nikalishona kwa sababu ulisema Jumapili ijayo utalihitaji."

Basi. Nilipofika dukani nikampigia Janice. Nikamwambia nitamdakia mwakani kama bado atanitaka. Mwaka huu nina mechi moja.

Nilisikia kompyuta na watu wa benki nyuma yake. "Unajua mwakani hakuna ahadi," akasema.

"Najua."

"Nisri, wewe ni mjinga," akasema, kwa upole kabisa, kama mtu anayesema kitu kingine. "Hiyo kona ya Mukai, usitoke mapema."

Nimejisikia mwepesi siku nzima. Nilidhani nitajuta. Pengine Juni itakuja na majuto yake, sijui. Leo nimewauzia watu mashuka nikiimba. Nikamwambia Ami, Jumapili wiki ijayo, saa tisa, nyuma ya kanisa, Mountain View. Nakualika. Akauliza kama kuna viti.

Jumatano, 14 Mei

Tumehesabu. Wanaotaka kusajiliwa na Muungano nimewaambia wote wasije, na nimewaambia sina kinyongo, na sina. Waliobaki ni kumi na moja. Kamili! Benchi halina mtu. Annah, beki wetu wa kushoto, mama wa watoto watatu, anasema benchi ni mama yangu na chupa ya chai.

Lavington wako wote. Mukai kamwomba mwajiri wake achelewe kurudi siku hiyo. Mwajiri kauliza kuna nini. Mukai kasema, fainali. Yule mama hakujua kabisa kwamba anacheza. Miaka yote anaishi naye nyumba moja! Sasa watoto wanataka kuja kumwona.

Jumapili, 18 Mei

Naandika nikiwa ukumbini mwa kanisa, glavu ziko miguuni, maji yanadondoka kutoka kwenye kitambaa changu cha kichwa hadi kwenye ukurasa huu. Mechi imesimama. Mvua! Mvua ya mawe, katikati ya kipindi cha pili, ikapiga mabati ya kanisa mpaka firimbi ya Mwaura haikusikika. Tukakimbia wote kuingia humu. Nisipoandika nitaanza kulia, kwa hiyo naandika.

Kwanza watu. Sijapata kuona watu hivi hapa. Waumini wa ibada ya pili walibaki. Kangemi wamekuja, timu nzima, wamevaa nguo za kawaida, wakakaa kando ya uwanja huku wanaangalia chini. Mama Wangu akawaendea, akasalimia mmoja mmoja kwa jina na kwa mkono. Baada ya hapo wakaangalia juu. Loresho pia. Janice amekuja na mwavuli mkubwa wa benki na anawafunika watoto wawili wa mwajiri wa Mukai, ambao wanapiga kelele "Aunty Mukai!" kila mpira unapopita. Mwajiri mwenyewe kasimama nyuma yao na viatu vyeupe. Vilikuwa vyeupe.

Na Ami. Amekuja na kiti chake kutoka dukani! Kile cha kaunta. Katoka nacho mjini. Kakaa nyuma ya goli langu na mama, na kila nikidaka anasema "Mashallah" kwa sauti ya mtu anayefunga hesabu. Kipindi cha kwanza alinishauri nisimame kushoto zaidi. Hajui lolote! Nilisimama kushoto zaidi.

Matokeo moja kwa moja. Wao walifunga wa kwanza, kona. Nilitoka mapema. Mukai kichwa, wavuni, na hata kabla hajashangilia alininyooshea kidole: nilikuambia! Sisi tulisawazisha kabla ya mapumziko, Annah kwa mbali sana, sidhani alilenga. Hatafunga tena goli kama lile maishani mwake na anajua, maana alikimbia uwanja mzima hadi kwa watoto wake.

Kisha huyo huyo Annah akateleza mvua ilipoanza. Kifundo cha mguu. Yuko hapa kwenye benchi la kanisa, mguu juu, mama anamkanda na anamsomea kwa wakati mmoja. Hawezi kurudi. Tuko kumi.

Na Ciru. Nilimwona tangu mwanzo. Hakubaki kwao. Kavaa hoodie ya kijivu, kofia mpaka machoni, kakaa chini karibu na kiti cha Ami kana kwamba mimi ni kipofu. Nikamwacha. Kutazama si kucheza.

Mvua imepungua. Mwaura kaingia sasa hivi, viatu vinalia maji. Kasema uwanja ni ziwa. Kasema kwa haki anaweza kuimalizia hapa, sare, na timu zote mbili ziwe mabingwa. Si wazo baya, kasema, mtaondoka wote na kikombe.

Mama Wangu kageuka. Kamtazama Mukai.

Mukai kasimama, matope mpaka magotini. "Refa, mimi nikitoka hapa leo, Jumapili ijayo sina mahali pa kuenda. Nitalala tu. Hizo dakika zimebaki ni zangu. Sitaki nusu."

Kisha Everlyn kaenda kwenye stoo ya kanisa akatoka na mafagio. Yule wa viatu vyeupe kauliza kama kuna ndoo. Sasa nawaona dirishani — Lavington, Kangemi, Loresho, kina mama wa kwaya, wote kwenye mstari mmoja, wanasukuma maji kutoka golini kuelekea mtaroni. Janice kaweka mwavuli chini kachukua fagio. Mama Wangu anaelekeza kwa mkono. Hapigi firimbi, haongei. Analia wazi wazi mbele ya kila mtu na haifuti ile mvua usoni. Nikimaliza mechi hii nitamwambia ile habari ya sukumawiki. Leo, si siku nyingine. Ya Rabi, umenipa watu. Sikuwaomba hata, na umenipa.

Ciru kaja. Yuko mbele yangu. Kavua hoodie. Ndani kavaa bukta, na miguuni viatu vya mpira — nilimkataza!

"Cap, niletee jezi ya Annah."

Nimesema hapana. Nimemkumbusha namba tisa, nyasi, mamake na majirani.

"Wewe ulijiamulia," kasema. "Hukuniuliza. Hata mimi sikuulizi. Nakuomba jezi tu."

"Ciru, Janice yuko pale nje. Anakuona."

Tumegeuka wote wawili. Janice kasimama mlangoni na fagio, karibu kabisa, kasikia yote. Kavua miwani yake. Anaipangusa na pindo la shati lenye maji, anaipangusa polepole sana, anaitazama, anaipangusa tena. "Hii miwani imeingia maji," kasema, si kwangu wala kwa Ciru. "Mimi leo sioni mtu." Kageuka kurudi kufagia.

Lakini wako wengine nje ambao wana macho. Na simu.

Annah keshavua jezi yake, kajifunika leso ya mama. Ninayo mkononi. Imelowa, nzito. Nimeikamua maji sakafuni mwa kanisa. Ciru kanyoosha mkono. Ana miaka kumi na tisa. Nimempa. Mwaura anaita makapteni —